Eoie, Neno la Mwitaji

Siku ile tulikuwa wanawake sita kwenye vichanja vyangu vya kahawa, hapa Maguu. Mama Otilia, mdogo wake mama mkwe wangu, alikaa kwenye kigoda kwa sababu ya magoti. Skolastika, jirani yetu wa bondeni, alisimama upande wa jua. Gaudensia, wifi yangu, dada mdogo wa mume wangu, alikuwa ubavuni pangu na nguo nyeusi bado mwilini, kwani alikuwa amemzika mtoto wake wa mwisho, Benedikti, majuma matatu nyuma. Bi Mwanaidi, mke wa mwenye duka, mtu wa pwani, hakuwa na kahawa hata mche mmoja. Alikuja kuzungumza tu, na mikono yake ikajikuta inachambua. Hyasinta, binti yangu wa kwanza, alikuwa akigeuza kahawa kichanja cha pili, masikio yote kwetu. Wa sita ni mimi.

Mtu wa saba hakuwepo, na huyo ndiye ninayetaka kumwandika. Jina lake nalijua, la ubatizo na lile la kwao. Mimi sisahau jina la mtu hata nikimwona mara moja msibani. Lakini la huyu siliandiki. Siku ile nilimchukulia neno lake, sitaki kumchukulia na jina. Nitamwita kama tulivyomwita wote: Mwitaji.

Alitoka ziwani, Mbaha, akaletwa huku milimani na mume wake, mtu wa ukoo wa jirani aliyekuwa akishuka kununua dagaa. Mume alikufa mapema, akamwacha na mtoto mmoja wa kiume. Watu walidhani angerudi kwao. Hakurudi. Alikaa, akajifunza Kimatengo cha kukatakata, na akawa mwitaji wa ngokela.

Kwa asiyejua, ngokela ni kazi ya kusaidiana, leo kwangu, kesho kwako, na mwenye shamba hupika. Kazi kubwa ni ngoro. Wanaume hufyeka majani na kuyalaza kwa mistari inayokatana, kama nondo za dirisha. Sisi wanawake tunafuata na majembe, tunachimba udongo wa katikati na kuyafunika majani, tunamwaga maharage humo humo, mpaka mteremko mzima unakuwa mashimo mashimo ya kushika maji. Tunakwenda kwa mstari. Mmoja akikimbia na mwingine akizembea, ngoro zinapinda, na mvua ya kwanza inaondoka na shamba. Kwa hiyo mstari unataka mtu wa kuushika.

Zamani aliushika mama mkwe wangu. Hakuwa na maneno, aligonga mpini wa jembe kwa jiwe, basi. Alipofariki, mimi nikiwa mke wa mwanawe wa kwanza, nilijua ni zamu yangu. Hakuna aliyeniambia, ila nilijua. Siku ya ngokela ya kwanza baada ya arobaini nilivaa kitenge kizuri, nikasimama kichwani mwa mstari, nikagonga mpini. Wanawake wakainama mmoja mmoja, kama watu wanaotafuta sindano. Nikagonga tena. Ndipo kutoka mkiani, kule walikowekwa wageni, ikatoka sauti.

"Eoie!"

Majembe yote yakaanguka pamoja. Na langu pia. Hilo ndilo lililoniuma zaidi, kwamba na langu lilianguka.

Neno lenyewe halina mfupa hata mmoja, lote nyama. Kuandika nilijifunzia kwenye kisomo cha watu wazima, tukaimba a, e, i, o, u mpaka koo likauma, na nilipojaribu kuliandika neno lake nikaona ni zile zile za kuimba, zimepangwa tu vingine. Nilimuuliza mwenyewe, mwaka ule wa kwanza, tukiwa jikoni kwake.

"Dada, hilo neno maana yake nini?"

Akacheka. "Halina maana, dada. Kwetu kina mama hulisema wakishika kamba ya wavu kusaidia kuvuta. Maana unatia mwenyewe, kama chumvi."

Nayo chumvi, niseme ukweli, alikuwa bahili nayo kuliko mtu yeyote niliyewahi kula kwake. Alikuwa akiihesabu kwa vidole vya mkono mmoja. Sauti alitoa bure kwa kijiji kizima, lakini ukiomba chumvi alikuuliza kwanza unapika nini.

Maana za neno lile nilizijua zote. Wenzangu waliitika tu, mimi nilisikiliza. Likianzia juu na kukatwa ghafla, ni anzeni. Likiburutwa mwanzoni, nyoosheni migongo. Likitoka mara mbili, fupi fupi, mstari umepinda, na aliyeupinda alijijua bila kutajwa. Siku moja alikuwa Mama Otilia mwenyewe, mtu mzima wa kuamkiwa na wote, akasimama na kushika kiuno.

"We binti wa ziwani, unaniita mimi mpotovu mbele ya wakwe zangu?"

"Shikamoo, mama. Kwenye mstari mimi simjui mama wala mkwe. Rudi ngoro mbili, funika tena."

Na Mama Otilia akarudi, akafunika tena, na jioni alimsifu. Mimi ningesema hivyo, ningeitiwa kikao cha ukoo.

Kulikuwa na Eoie ya nyoka, hiyo ilitoka puani. Kulikuwa na ya mama mwenye kunyonyesha, kwamba mtoto analia pembeni, nenda, tutakufunikia sehemu yako. Kulikuwa na ya wanaume waliokuja kuchungulia kama togwa imeiva, wakaondoka wenyewe kwa aibu. Na dukani lilikuwa na maana nyingine kabisa. Ilikuwa enzi za ruksa, bidhaa za nje zimefunguliwa, duka la mume wa Bi Mwanaidi lililokuwa na viberiti na vumbi sasa lilijaa sabuni za rangi, khanga, redio. Mwitaji alishika khanga, akaitazama pindo, akasema "Eoie" polepole, akairudisha mahali pake. Mwenye duka akaanza kueleza ilikotoka, na jinsi isivyochuja, na kuapa.

"Yule mama," Bi Mwanaidi alituambia, "akisema neno lake, mume wangu huanza kujitetea kama mshitakiwa. Mimi mkewe nikisema siku nzima, hata hageuki."

Tulicheka. Mimi nilicheka kidogo, kwa sababu wa kwangu alikuwa hivyo hivyo. Jioni moja narudi shambani, miguu imejaa udongo, mume wangu yupo kibarazani anachonga mpini.

"Leo mmefika migombani kabla jua halijakaa sawa," akasema. "Nimemsikia."

"Na mimi hukunisikia?"

Akafikiri kweli, maskini, hakuwa na nia mbaya. "Kwani na wewe ulikuwa unasema?"

Nikaingia ndani. Nikamkuta Hyasinta anasonga ugali, na kila akipindua mwiko anasema "Eoie" chini kwa chini. Nikamnyang'anya mwiko. Hakujua amekosa nini, na mimi sikumwambia.

Msidhani alikuwa malaika. Aliogopa vyura, akiona chura kwenye ngoro aliruka na jembe lake mpaka shamba la watu. Akila hakuzungumza, ukimsemesha anakutazama kama umemkanyaga. Na la ajabu, kanisani hakuimba. Mwenye sauti ile! Mwalimu wa kwaya alimfuata mara tatu. Mara ya tatu alimjibu, "Mwalimu, Mungu nampa mapumziko, wiki nzima ananisikia mimi." Nilifurahi alipokataa. Kwenye kwaya mimi nilikuwa mstari wa mbele, na angekuja ningerudi nyuma.

Msibani pia hakulisema. Hili mlishike. Tulizika watu wengi miaka ile, na sikuwahi, hata mara moja, kumsikia akisema Eoie penye maiti. Alikaa na miguu ameinyoosha, kimya, anatwanga kile atakachopewa kutwanga.

Lililobaki ni la watoto. Hilo lilikuwa la chini, karibu halisikiki, linazungushwa zungushwa mdomoni. Mwaka ule wa siku ya vichanja, wakati wa ngoro za maharage, Benedikti wa Gaudensia alikuwa mchanga na analia hovyo. Kila tulipopumzika Mwitaji alimchukua, akamweka kifuani, akamwambia neno lile mpaka analala. Gaudensia alisema, "Mwanangu ana mama wawili." Mimi nilikuwa nimekaa pale, mke wa mjomba wake, nami mtoto akija kwangu analia.

Halafu kahawa ikaachiwa huru. Tangu tuolewe tulipeleka kahawa kwenye chama cha ushirika tu, sasa wakaja wanunuzi binafsi na pikapu zao. Mmoja, kijana wa viatu bila soksi, alisimama nje ya kanisa baada ya Misa akasema anataka kahawa iliyochumwa nyekundu tupu na kuchambuliwa vizuri, na anataka mama mmoja wa kuwaongoza wenzake.

"Nani huku akiita, akina mama wanakuja?"

Hawakushauriana. Walinyoosha vidole wote upande mmoja. Nilitazama mkono wa mume wangu, nao ulikuwa umenyooshwa. Kijana akampa Mwitaji mabuti ya mpira, mapya, marefu mpaka magotini. Akayavaa hapo hapo. Kiangazi kile chote, juani, kwenye vumbi, yule mwanamke alivaa mabuti ya mvua, na kila akipita njiani yanalia plop, plop, nami nilikuwa nayasikia hata nikiwa ndani ya ghala.

Katikati ya uchumaji huo Benedikti akashikwa na homa. Siku mbili tu. Tukamzika.

Sasa narudi kwenye vichanja. Tulikuwa tunatoa punje nyeusi na zilizovunjika. Skolastika akasema Mwitaji amemtuma aseme kwamba Jumatatu tunaanzia kwake Mwitaji, kuchuma, na neno litatoka mapema.

"Ninyi mnaitikia tu," nikasema. "Mnajua neno lile kwao ni la nini?"

"La nini?" Skolastika akauliza.

"Huitia maiti. Mtu akizama ziwani wanasimama ufukweni, wanamwita nalo, mpaka maji yamtoe."

"Astaghfirullah!" Bi Mwanaidi akasema. "Nani amekuambia?"

"Nimeambiwa na mwenyeji wa huko huko."

Mwenyeji huyo hakuwepo duniani. Mikono yote ilisimama juu ya kahawa. Mama Otilia akafanya ishara ya msalaba. Hyasinta akaacha kugeuza. Gaudensia ndiye aliyechelewa, alikuwa bado anachambua, kisha vidole vyake vikatulia.

"Wifi," akaniambia, "alimbembelezea mwanangu."

Hapo nilikuwa na nafasi. Ningesema, aa, nimetania, nimesikia vibaya. Neno lilikuwa bado halijatoka nje ya vichanja vyangu. Nikaokota punje moja nyeusi, nikaitazama, nikasema:

"Ndicho kinachonishangaza."

Jumatatu ile Mwitaji aliita. Walikuja watatu. Mwezi wa Machi, ngokela ya kwanza ya ngoro, ilikuwa kwa Skolastika. Tukasimama kwenye mstari, Mwitaji akaita anzeni. Yakaanguka majembe mawili, matatu. Akaita tena. Mama Otilia akakohoa. Gaudensia akatoka kwenye mstari kabisa, akakaa pembeni na kujifunika kichwa. Mara ya tatu Mwitaji hakuita. Tulifunika kila mtu kivyake, na jioni ilifika shamba likiwa nusu.

Alinifuata njiani.

"Dada, nimemkosea nani?"

"Labda wamechoka."

"Hawachoki wote siku moja." Akanisubiri niseme neno. Nikafunga upya kitenge changu. Akaniangalia kidogo, akageuka, plop, plop.

Kabla masika hayajaisha mwanawe akampeleka Mbaha. Asubuhi yake nilikuta mabuti mlangoni kwangu yameoshwa, yamepinduliwa yakauke. Alikuwa amemwambia Hyasinta, "Mpe mama yako. Yeye ndiye mwenye mstari."

Nikaushika mstari. Mnacheka? Niliushika misimu miwili. Watu wakaanza kuweka vibarua, kila mwenye kahawa na watu wake, wengine wakang'oa mibuni, na ngokela ikafa mikononi mwangu. Mabuti sikuwahi kuyavaa. Yalinitosha, lakini sikuyavaa.

Ikapita miaka. Hyasinta aliolewa Tingi, akawa anakutana na watu wa ziwani sokoni, na siku moja alikuja kunisalimu akasema, "Mama, Mwitaji ameshikwa na kiharusi. Upande mmoja haufanyi kazi." Wiki iliyofuata nilipanda lori la mahindi nikashuka.

Nilimkuta amelazwa kwenye mkeka, kivulini mwa nyumba, ziwa linaonekana kati ya mihogo. Mkamwana wake, Tekla, msichana mpole, alinipokea.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, mwanangu. Ananitambua?"

"Macho yanatambua. Ila kusema amebaki na neno moja tu, hata hatulielewi. Akilisema tunaleta maji, kumbe hataki maji. Tunaleta uji, anautema. Jana alilia."

Kutoka kwenye mkeka ikaja, nyembamba lakini ile ile: "Eoie."

"Mgongo," nikasema. "Mgeuze, umemchoma."

Tekla akanitazama, akamgeuza. Mwitaji akashusha pumzi. Baadaye kidogo akalisema tena. Nikasema jua limemfikia machoni, tukavuta mkeka. Akalisema mara ya tatu. Nikasema kuna mtoto analia nyuma ya nyumba na hakuna aliyemsikia. Tekla akakimbia, akarudi na mtoto wake, mashavu yamelowa.

"Bibi! Sisi tunaishi naye na hatujui. Mlikuwa ndugu?"

"Hapana. Nilimwonea wivu."

Lilitoka hivyo, sikulipanga. Na likishatoka yakafuata mengine yote. Nikayasema pale, Tekla akiwa amesimama na mtoto, na Mwitaji akinitazama kwa jicho lake zima. Nikamwambia vichanja, nikamwambia nani alikuwepo mmoja mmoja, nikamwambia maneno niliyosema kama nilivyoyasema. Nikamwambia Gaudensia anaamini mpaka leo.

Mkono wake mzima ukatafuta, ukashika pindo la kitenge changu. Akasema Eoie. Ilikuwa ndefu, ikapanda mahali ambapo haikuwahi kupanda, ikashuka, ikaishia ndani.

Tekla akaninong'oneza, "Amesema nini, Bibi? Amekusamehe?"

Nisikilizeni. Pale uani mimi peke yangu ndiye niliyekuwa nalijua neno. Ningesema ndiyo, Tekla angewaambia majirani, na mimi ningepanda lori nikiwa mtu aliyesamehewa.

"Sijui," nikasema. "Hilo sijawahi kulisikia."

Nilikaa siku nne, nikamfundisha Tekla lile la mgongo, la jua, la maji. Siku ya pili tu alikuwa anayatambua kabla sijafungua mdomo, nami, Mungu anisamehe, moyo uliniuma kumwona anaelewa upesi vile.

Niliporudi sikufika kwangu kwanza. Nilishukia kwa Gaudensia. Alikuwa anapukuchua mahindi. Nikakaa chini, si kwenye kigoda, nikamweleza. Mikono yake haikusimama hata mara moja. Alimaliza bunzi, akalitupa, akachukua jingine.

"Miaka yote hii," akasema, "nimemchukia mtu kwa ajili yako, wifi."

"Ndiyo."

"Nimemwambia padre. Nimewaambia wanangu wasipokee kitu kutoka ziwani."

"Ndiyo."

Mahindi yanaanguka kwenye ungo.

"Lile alilomwambia mtoto," akasema, "lilikuwaje? Mimi nimelifukuza mpaka limepotea."

Nikajaribu. Nililijua vizuri kichwani, lakini koo langu ni la kugonga mpini. Gaudensia akatikisa kichwa.

"Sivyo. Lilikuwa chini zaidi."

Nikajaribu tena.

"Wewe unaliita. Yeye alikuwa haliiti." Akaweka bunzi chini, akafunga macho, akaweka mkono kifuani pale alipolalaga Benedikti, na akalisema yeye mwenyewe, taratibu, mara nyingi, mpaka likakaa sawa. Nilimwachia. Nilitoka nje nikasimama uani kwake kama mgeni, namsikia.

Mwitaji alifariki masika yaliyofuata, na Gaudensia alishuka kumzika, mimi magoti yalinikatalia. Haya nimeyaandika kwa ajili ya watoto wa hao niliowataja, walioambiwa na mama zao lile nililolisema kwenye vichanja. Kama nimekosea nani alikuwepo, au nimemweka Skolastika upande wa jua naye alikuwa upande wa kivuli, au mabuti hayakuwa marefu kiasi hicho, nisahihisheni, mimi ni mzee. Lakini la kuitia maiti msinisaidie kulikumbuka vingine. Hilo nilitunga mimi, nikiwa na akili zangu zote, asubuhi, jua likiwaka.